Karani wa Posta Hakumwibia Dieng

Muulize mtu yeyote aliyekutana na kisa cha Hawala ya Fedha, iwe kitabuni, jukwaani au kwenye filamu, kinahusu nini. Atakujibu kabla hujamaliza swali: urasimu. Mzee asiyejua kusoma katumiwa fedha na mpwa wake aliye Ulaya, ofisi zikamzungusha, mwisho fedha zikapotea. Ukimbana kidogo ataongeza kwamba urasimu huo ni masalia ya ukoloni, na kwamba mzee ni mnyonge asiye na doa aliyesagwa na makaratasi ya Mzungu. Jibu hili hufundishwa, huandikwa kwenye mitihani likapata alama, na huzungumzwa kwenye mijadala ya filamu bila mtu kunyoosha mkono. Mimi naunyoosha. Hadithi aliyoisimulia Sembène Ousmane si hiyo, na ushahidi uko wazi kwa yeyote atakayekaa saa moja na nusu kuitazama filamu yenyewe badala ya kukariri alichoambiwa kuihusu.

Sembène aliiandika kwanza kwa Kifaransa, riwaya fupi iitwayo Le Mandat, iliyopata tuzo katika Tamasha la Dunia la Sanaa za Watu Weusi lililofanyika Dakar mwaka 1966. Miaka miwili baadaye akaigeuza mwenyewe kuwa filamu, Mandabi, na safari hii watu wake wakazungumza Kiwolofu. Sababu haikuhitaji maelezo marefu: mtu kama Ibrahima Dieng asingeweza kukisoma kitabu kilichoandikwa juu yake. Fedha za kuitengeneza zilitoka Ufaransa, ikabidi pawe na toleo la Kifaransa pia, lakini lililobaki vichwani mwa watu ni hili la Kiwolofu. Mwaka huohuo wa 1968 ikapata tuzo mjini Venice. Kwetu, Amandina Lihamba aliitengeneza kuwa tamthiliya ya Kiswahili, Hawala ya Fedha, iliyochapishwa na Tanzania Publishing House mwaka 1980. Kwa hiyo kisa hiki si kigeni kwetu hata kidogo. Kigeni ni filamu, ambayo wengi wanaoitaja hawajaiona.

Tuanze na fedha, maana hadithi ni ya fedha. Abdou, kijana anayefagia barabara za Paris, ametuma faranga 25,000 za CFA. Katika barua yake amezigawa mwenyewe: 20,000 mjomba amtunzie, 3,000 apewe mama yake Abdou, 2,000 ndizo za mjomba. Hesabu hiyo watu huipita mbio. Mimi naomba tusimame hapo. Katika kila faranga mia zilizofika Dakar, za Dieng ni nane. Zilizobaki ni amana.

Sasa ifuate safari yake. Zinatoka Paris salama, zinafika Dakar salama, na zinakaa posta salama muda wote ambao Dieng anazunguka mjini kutafuta karatasi. Karani wa posta anamtaka jambo moja tu: kitambulisho chenye picha, ili ajue kuwa huyu ndiye. Dieng hana, na karani hampi fedha. Sisi watazamaji tunakasirika pamoja na mzee, kwa sababu tumetembea naye juani na tunajua kwa hakika kwamba yeye ndiye Ibrahima Dieng. Karani hajui. Anachokiona ni mwanamume mwenye joho pana na mwendo wa kujisikia, anayedai fedha zilizotumwa kwa jina fulani. Kama angetokea Dieng wa uongo, tena mwenye joho zuri zaidi, tungetaka karani afanye nini? Tungemwita nani mwizi siku ambayo Dieng wa kweli angefika dirishani akakuta hawala yake imekwishachukuliwa? Ofisi ile tunayoizomea ndiyo iliyobaki ikilinda jasho la mfagiaji wa Paris wakati kila mtu mwingine mtaani amekwisha kulipangia matumizi.

Fedha zinapotea siku zinapotoka posta, na zinatoka kihalali kabisa. Dieng, akiwa amechoka kuzunguka, anamwendea Mbaye, mfanyabiashara aliyesoma, mtu wa suti na gari, mwenye kuujua mji na ofisi zake. Mbaye anaahidi kusaidia. Anachohitaji ni hati ya uwakilishi tu, na mzee anampa. Mbaye anakwenda dirishani, karatasi zake zimenyooka, anakabidhiwa fedha. Kisha anarudi na hadithi kwamba zimeibwa njiani, na kumpa mzee gunia la mchele kama mtu anayemtupia kuku punje. Hakuna karani aliyekula hata senti. Aliyemwibia Dieng ni yule aliyemkaribisha, si yule aliyemwambia alete kitambulisho.

Najua jibu la upande wa pili. Watasema Mbaye alipata mwanya kwa sababu ofisi zilimchosha mzee; kama posta ingempa fedha zake siku ya kwanza, Mbaye asingekuwa na pa kuingilia. Hoja hiyo ina uzito, lakini ipime hadi mwisho. Ondoa kitambulisho, ondoa cheti, iache posta itoe fedha kwa neno la mdomo. Mbaye hatoweki. Kazi yake inakuwa nyepesi zaidi, hana haja hata ya hati. Anayejua Kifaransa, anayejua mlango wa nyuma, anayejua jina la mkuu wa ofisi, atamtangulia asiyejua popote pale, pawe na fomu au pasiwe nayo. Mbaye hakuzaliwa na fomu. Amejifunza tu kuipanda.

Nije kwa mzee mwenyewe, huyu asiye na doa.

Filamu inaanza kwa kinyozi wa hadharani. Wembe unapita kichwani pa Dieng, kisha kinyozi anaingia puani kumtoa nywele, na kamera iko karibu kiasi kwamba unajikuta umekunja uso wako mwenyewe. Huyu ni mtu ambaye hana kazi kwa miaka kadhaa, ana wake wawili na watoto saba, na bado ananyolewa kwa utulivu wa waziri. Anarudi nyumbani. Wake zake, Mety na Aram, wamekwishapata habari za hawala kutoka kwa tarishi, na kwa nguvu ya habari hiyo wamekopa mchele dukani kwa Mbarka. Wanampakulia. Hapo Sembène hana haraka. Dieng anakula kwa mkono, anakula tena, anabeua, ananyoosha miguu, anahudumiwa, analala. Tumbo kwanza, maswali baadaye. Ukiisoma sehemu hii kitabuni unaweza kutabasamu ukapita. Kwenye filamu huwezi kupita, kwa sababu mwigizaji Makhourédia Guèye ana mwili na uso wa kujaza kioo chote, na muda wote ule wanawake wawili wako pembeni wakimsubiri amalize.

Wapo wanaoona sehemu hizi kuwa vichekesho vya kumpumzisha mtazamaji kabla ya mateso ya ofisini, wakasema filamu ni nyepesi kuliko kitabu. Nadhani wameiangalia kichwa chini. Nyumba ya Dieng ni ofisi ya kwanza tunayoingia katika filamu hii, na mkuu wake ni yeye. Humo ndani kuna wa kuamuru na wa kusubiri, kuna wa kuuliza na wa kutoulizwa. Mety na Aram wanaishi na mume wao kama wananchi wanavyoishi na karani mkali: wanajua saa ya kumwendea, wanajua maneno ya kuyatanguliza, wanajua lipi la kumficha. Tena wanaijua kazi hiyo kuliko yeye anavyoijua ya mjini. Dieng anaporudi na pua iliyovuja damu baada ya ugomvi kwa mpiga picha, ni wao wanaotangaza mtaani kwamba amevamiwa na fedha zimeibwa, ili wadai na waombaji wapungue mlangoni. Uongo huo una akili kuliko jambo lolote alilolifanya mume wao tangu filamu ianze. Mtu aliyepata kuwa bwana mkubwa wa nyumba kwa miaka yote hiyo, siku akikutana na bwana mkubwa wa dirishani, tunaambiwa tumlilie peke yake. Wanaolia nyumbani kwake tunawasahau.

Na mtaa je? Habari ya hawala inapoenea, kila mlango unafunguka. Majirani wanakuja kukopa, imamu anakuja, muuza duka anakumbuka madeni na kumdokeza habari ya kuuza nyumba. Mjini kuna mwanamke aliyevaa vizuri anayeomba nauli kwa sababu eti amepatwa na mkasa. Baadaye Dieng anakutana naye tena, ana mkasa mwingine. Dieng naye anatoa. Anatoa kwa sababu ana moyo, sikatai, na anatoa pia kwa sababu anapenda kuonekana ana cha kutoa. Tatizo ni kwamba anachokitegemea kutoa si chake. Ni zile 20,000 za kijana ambaye tumemwona na ufagio wake Paris. Kabla hawala haijageuka kuwa noti, mkopo juu ya mkopo umekwisha kuikata pande zote. Huo si urasimu. Hata ofisi zote za Dakar zingefanya kazi kama saa ya ukutani, sina hakika kwamba Abdou angezikuta fedha zake.

Sisemi mzee alistahili kuibiwa. Nasema Sembène hakututengenezea malaika, na kwamba anayemgeuza Dieng kuwa malaika anamnyang'anya mwandishi nusu ya alichokisema.

Twende sasa kwenye hiyo hoja ya masalia ya ukoloni. Senegal ilipata uhuru mwaka 1960. Filamu imetoka mwaka 1968, mwaka ambao wanafunzi na wafanyakazi wa Dakar waligoma na kuitikisa serikali ya Rais Senghor. Tazama nani yuko nyuma ya kila dirisha: karani wa posta ni Msenegal, askari wa kituoni ni Msenegal, wa manispaa ni Msenegal, mpiga picha, dalali, muuza duka, Mbaye, wote. Mfaransa hahitajiki tena ili mambo yawe kama yalivyo. Sembène alikuwa mpagazi wa bandari ya Marseille, mwanachama wa chama cha wafanyakazi, mtu aliyejifunza kumtambua adui kwa nafasi yake kazini na si kwa rangi yake. Miaka saba baada ya Mandabi akatoa Xala, filamu ya wafanyabiashara Waafrika wanaoingia katika viti vya Wazungu na kukuta mikoba ya noti imewasubiri. Mbaye ni mdogo wao. Wakaguzi wa filamu wa Senegal waliikatakata Xala kabla ya kuiruhusu ionyeshwe. Wakoloni walikuwa wameondoka. Waliojitambua kwenye kioo walikuwa wengine.

Na katika Mandabi yenyewe kuna sehemu moja inayoimaliza hoja hii, ajabu ni kwamba hutajwa mara chache. Dieng anashindwa manispaa, alikokwenda kutafuta cheti cha kuzaliwa ili apate kitambulisho. Anatakiwa kusema tarehe ya kuzaliwa, naye anachojua ni kwamba alizaliwa karibu na mwaka 1900. Karani anamdharau, foleni nyuma inanung'unika, mzee anaondoka mikono mitupu. Kisha anamwendea ndugu yake mmoja aliyesoma Ufaransa. Ndugu huyo anamfahamu mtu. Basi. Cheti kile kile, manispaa ile ile, mzee yule yule ambaye bado hajui tarehe yake, na mlango sasa unafunguka. Ndugu anampa pia hundi ya msaada, na benki nako anatokea mtu wa kumrahisishia kuichukua, naye anakata chake.

Urasimu unaokandamiza, kama tunavyoulalamikia, ni ule usiomjali mtu: kanuni ni kanuni, uwe nani uwe nani. Mwanasosholojia Max Weber aliueleza hivyohivyo, kwamba alama yake ni kuhudumia bila kujali sura. Hebu niambie ni wapi katika Dakar ya Mandabi watu wanahudumiwa bila kujali sura. Kila kitu pale ni sura. Ni nani aliyekuleta, unamjua nani, unazungumza lugha gani, viatu vyako vikoje. Dieng haanguki kwa sababu kanuni ni ngumu. Anaanguka kwa sababu kanuni ni ngumu kwake na laini kwa wenzake. Hilo lina jina lake, tunalijua sote, ni kujuana, na tofauti yake na urasimu ni kubwa mno kuzichanganya dawa zake. Ukiamini adui ni karatasi utapigania karatasi zipunguzwe. Ukijua adui ni kujuana utapigania karatasi ile ile itolewe kwa kila mtu, kwa bei ile ile, kwa muda ule ule, na karani anayeuliza maswali asiweze kumruka mtu yeyote.

Kuna hoja moja ya upande wa pili ambayo siwezi kuipuuza, na ni nzuri kuliko zote. Karani anapomwomba Dieng kitambulisho, mzee anataja alivyo navyo: stakabadhi ya kodi na kadi ya kupigia kura. Havikubaliki, kwa kuwa havina picha. Hapa nami damu hunichemka kila ninapoiona sehemu hii. Siku ya kudai kodi, serikali ilimfahamu. Siku ya kutaka kura yake, ilimfahamu pia, haikuuliza mwezi wala tarehe. Siku yake ya kupokea ndiyo ghafla uso wake umekuwa kitendawili. Kama kuna kosa la ofisi katika filamu hii, ni hili, na ni kosa kubwa.

Lakini tazama ni kosa la namna gani. Si kosa la serikali kuandika mno. Ni kosa la serikali kuandika nusu: imeandika kile inachokidai, haijaandika kile inachodaiwa. Mzee wa miaka sitini na kitu anatembea bila cheti cha kuzaliwa kwa sababu hakuna aliyejishughulisha kumpa, si kwa sababu vyeti vimekuwa vingi. Ofisi za Dakar hazikumkandamiza Dieng kwa kumjua kupita kiasi. Zilimkandamiza kwa kutomjua.

Historia ya Senegal yenyewe inathibitisha. Wakati wa ukoloni wenyeji wa miji minne, Saint-Louis, Gorée, Rufisque na Dakar, walikuwa na haki ambazo Mwafrika wa vijijini hakuwa nazo, zikiwamo za kupiga kura. Mwaka 1914 wakamchagua Blaise Diagne kuwa mbunge huko Paris, na mwaka 1916 akapitisha sheria iliyothibitisha uraia wao na wa watoto wao. Waliobaki nje ya miji hiyo waliendelea kuwa raia wa kutawaliwa tu. Mahali ulipozaliwa, na uwezo wa kuthibitisha hivyo, ndivyo vilivyopambanua mtu na mtu. Watu wale hawakuichukulia karatasi kuwa mjeledi. Waliipigania.

Msomaji wa Kenya atanikumbusha kipande, na ana haki. Sheria ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza, ilimlazimisha mwanamume Mwafrika kuvaa shingoni kijikebe chenye karatasi ya alama za vidole na kumbukumbu za ajira, ili asitoroke kwa bwana wake. Hiyo ilikuwa karatasi ya kumfunga mtu, na babu zetu walikuwa sahihi kuichukia. Lakini Kenya hiyohiyo iliona pia upande wa pili. Wanubi waliozaliwa huko vizazi kwa vizazi walipochoka kusailiwa na kucheleweshewa vitambulisho, hawakudai vitambulisho vifutwe. Walidai wapewe. Mwaka 2011 Kamati ya Wataalamu ya Afrika kuhusu Haki na Ustawi wa Mtoto iliamua kwamba watoto wao wamenyimwa haki ya utaifa. Dieng angewaelewa watu hao vizuri sana. Wanaosema alikandamizwa na makaratasi wangepata taabu kuwaeleza.

Niguse haraka hili la kumwita Sembène “Kafka wa Afrika”, maana nalo limekuwa wimbo. Katika riwaya ya Franz Kafka iitwayo Kesi, Josef K. anakamatwa asubuhi ya siku yake ya kuzaliwa akitimiza miaka 30, na hadi anauawa haambiwi kosa lake. Orson Welles alipoipiga filamu mwaka 1962, akimtumia Anthony Perkins, alijaza ukumbi mzima meza za makarani zisizo na mwisho na kuigeuza stesheni ya Orsay ya Paris, iliyokuwa imeachwa, kuwa mahakama ya vichochoro. Humo hakuna anayejua mkubwa ni nani wala sheria inasema nini. Linganisha na Dakar. Dieng anaambiwa kila kitu, tena bila mafumbo: cheti cha kuzaliwa, picha tatu, stempu. Hakuna siri yoyote. Josef K. ni msomi wa benki asiyeweza kupata maelezo. Dieng ana maelezo yote, asichonacho ni nauli, lugha na mtu wa ndani. Moja ni jinamizi, nyingine ni umaskini. Anayeziita ndugu amepofushwa na dirisha la karani, ambalo liko katika zote mbili.

Halafu kuna mwisho wa filamu. Dieng amegawa mchele wa Mbaye kwa majirani. Amekata tamaa, anasema kwa ukali kwamba uaminifu siku hizi umekuwa kosa, na kwamba naye sasa atavaa ngozi ya fisi kama wengine. Anayemjibu, anayemwambia kwamba hali hii itabadilishwa na kwamba yeye Dieng ni mmoja wa watakaoibadilisha, ni tarishi. Mtu wa posta. Mfanyakazi wa ofisi ile ile, mwenye sare yake na mkoba wake wa barua, aliyeleta habari ya hawala mwanzoni bila kuchelewesha na bila kudai chochote. Kama Sembène alitaka kutuambia kwamba ofisi ni adui, hilo lilikuwa kosa la ajabu kwa mtu aliyepanga kila picha kwa makini kama yeye. Mimi sidhani alikosea. Alimpa neno la mwisho mtumishi wa umma anayefanya kazi yake, kwa sababu hicho ndicho kinachokosekana Dakar nzima ya filamu ile.

Leo mpwa aliye ughaibuni hatumi hawala ya posta. M-Pesa ilianza Kenya mwaka 2007, Tanzania mwaka uliofuata, na fedha hufika simuni kabla hajamaliza kuongea na mjomba. Foleni imekwisha, karani wa dirishani amekwisha. Lakini bado kuna bibi asiyejua kusoma ujumbe wa simu, anayemkabidhi kijana wa jirani simu pamoja na namba ya siri ili akamtolee kwa wakala. Kijana anarudi na fedha pungufu na maelezo marefu ya makato. Urasimu wa posta umeondolewa wote kabisa, na Mbaye yuko pale pale, amebadilisha suti tu.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa walimu na kwa wanaoandaa maonyesho ya filamu. Ile kazi ya kuwaambia vijana wajadili jinsi urasimu unavyomkandamiza mnyonge, iwekeni kando mwaka mmoja. Waonyesheni Mandabi yote, pamoja na kinyozi na sinia la wali, kisha waulizeni: fedha zilipotoka posta zilikuwa mikononi mwa nani, na ni nani aliyemkabidhi uwezo wa kuzichukua?